Kwamkoro ipate mkutubi wa watoto

Kilomita chache kutoka mashamba ya chai ya Kwamkoro, kwenye vilima vya Amani wilayani Muheza, kuna maktaba yenye umri wa zaidi ya karne moja. Wajerumani walianzisha hapo kituo cha utafiti wa mimea na kilimo mwaka 1902, wakakusanya vitabu vya kahawa, mkonge, mpira na mkwinini. Waingereza walikirithi kituo hicho baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Baadaye wakaingia wataalamu wa malaria, na hatimaye Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, NIMR. Wenye nyumba walibadilika mara kadhaa, lakini waliofunguliwa vitabu vile walikuwa watu wa namna moja: watafiti.

Kituo cha utafiti kina kazi yake, na hakuna wa kukilaumu kwa hilo. Ila inafaa kukumbuka kwamba vilima hivi havikuwahi kukosa vitabu. Kilichokosekana ni mtu aliyeajiriwa kumfungulia mlango mtoto wa mchuma chai, akamwambia aketi, achague, aulize.

Leo mtoto wa Kwamkoro anayetaka kuiona maktaba ya umma ya mkoa hupanda basi, hushuka kona za mlima kupitia Sigi hadi Muheza, kisha huunganisha gari jingine mpaka Tanga mjini. Nauli ya kwenda na kurudi, pamoja na siku nzima ya mzazi wa kumsindikiza, ni gharama ambayo familia inayolipwa kwa kilo za majani mabichi haiwezi kuirudia kila wiki. Kwa hiyo safari hiyo haifanyiki.

Siku hizi kila panapotajwa upungufu wa namna hii, jibu huja haraka: pelekeni kompyuta, pelekeni vishikwambi, pelekeni intaneti. Ni jibu lenye ukweli ndani yake, na Mkoa wa Tanga una ushahidi wake wenyewe, uliopatikana katika vijiji vyake kwa gharama kubwa. Inasikitisha kwamba ushahidi huo hautajwi sana hapa ulikotoka.

Kati ya mwaka 2017 na 2019, mashindano ya kimataifa yaliyoitwa Global Learning XPRIZE yaliletwa katika mkoa huu. Waandaaji walishirikiana na Serikali ya Tanzania, UNESCO na Shirika la Mpango wa Chakula Duniani. Google walitoa vishikwambi. Timu tano za mataifa mbalimbali zilitengeneza programu za kumfundisha mtoto kusoma, kuandika na kuhesabu kwa Kiswahili pasipo mwalimu, na programu hizo zikapelekwa kwa watoto karibu 3,000 katika vijiji 170. Vijijini vilisimikwa vituo vya kuchajia kwa umeme wa jua. Jaribio likaendelea kwa miezi 15.

Kabla halijaanza watoto walipimwa, na matokeo yake yanahitaji kusomwa polepole. Asilimia 74 waliripotiwa kuwa hawajawahi kuhudhuria shule. Zaidi ya asilimia 90 hawakuweza kusoma hata neno moja la Kiswahili. Na asilimia 80 hawakuwahi kusomewa chochote nyumbani.

Baada ya miezi ile 15, idadi ya wasioweza kusoma hata neno moja ilipungua kwa nusu. Mwezi Mei 2019, huko Los Angeles, timu mbili, Kitkit School na onebillion, ziligawana tuzo ya dola za Marekani milioni 10, na programu za washindani wote watano zikaachwa wazi ili yeyote azitumie bure.

Kupunguza kwa nusu ni mafanikio makubwa, na anayeyabeza hajawahi kukaa na mtoto wa miaka tisa asiyejua herufi. Lakini ile nusu iliyobaki nayo ni watoto. Na kati ya takwimu zote za jaribio hilo, inayostahili kutazamwa zaidi ni ile ya asilimia 80. Kusoma mtu aweza kusoma peke yake. Kusomewa kunataka wawili. Kishikwambi kinaweza kutamka silabi mara elfu bila kuchoka. Hakiwezi kuona kwamba leo mtoto amenuna, kwamba ameshika kitabu juu chini, au kwamba amefika na njaa na afadhali leo asikilize hadithi tu.

Wala tatizo haliko kwa wasioandikishwa shule peke yao. Ripoti ya mwaka 2011 ya Uwezo, mpango wa kupima kusoma na kuhesabu kwa watoto, ilionyesha kwamba nchini kote ni wanafunzi watatu tu kati ya kumi wa darasa la tatu walioweza kusoma hadithi ya Kiswahili ya kiwango cha darasa la pili. Hao walikuwa na darasa, ubao na mwalimu. Walichokosa wengi wao ni cha kusoma baada ya kengele, na mtu wa kusoma naye.

Tanzania imewahi kulijua hili. Sheria ya kuanzisha huduma za maktaba ilipitishwa mwaka 1963, na tarehe 9 Desemba 1967 Mwalimu Nyerere alifungua Maktaba Kuu ya Taifa jijini Dar es Salaam. Miaka ya sabini, kampeni ya kisomo ilipopamba moto, maktaba zilifuata vijijini: kabati ya vitabu katika ofisi ya kijiji, shuleni au kwenye chumba cha kisomo. Kwa takwimu za serikali, waliojua kusoma na kuandika walipanda kutoka theluthi moja ya watu wazima mwaka 1967 hadi asilimia 90 mwaka 1986. Kisha kabati zile zikafungwa moja baada ya nyingine. Vitabu vilevile vilikaa miaka bila kubadilishwa, na waliozitunza walikuwa watu wa kujitolea waliokuwa na mashamba ya kulima. Karatasi iliadimika, mafuta ya magari yakaadimika, na mwenye ufunguo akaenda zake.

Funzo la kabati zile ni lilelile la vishikwambi. Mali ilifika, mtu hakulipwa.

Majirani wameshalishughulikia jambo hili kwa njia zao. Mwaka 1996 huduma ya maktaba ya taifa ya Kenya ilianza kupeleka vitabu kwa ngamia huko Garissa, kwa sababu wasomaji ni wafugaji wanaohama na gari halifiki kila mahali. Ngamia ndio waliopigwa picha na kusifiwa duniani, lakini nyuma ya kila ngamia alikuwapo mkutubi mwenye mshahara, orodha ya vitabu na ratiba ya kurudi. Kibera, jijini Nairobi, maktaba ya umma iliingiza vishikwambi kwa watoto wa mtaa ule, wakavitumia humo humo maktabani, chini ya macho ya wakutubi, pamoja na vitabu vya karatasi. Kitengesa, karibu na Masaka nchini Uganda, mambo yalianza mwaka 1999 kwa sanduku la vitabu. Sanduku likawa jengo, na wanafunzi wa sekondari ya jirani wakapewa kazi ya kuhudumu maktabani ili wapate karo. Mpango wa Kitengesa ndio unaoifaa zaidi Kwamkoro, maana ulimpa kijana sababu ya kuwapo maktabani kila siku.

Basi ianze hivi Kwamkoro: chumba kimoja chenye bati zima na dirisha kubwa, karibu na shule ya msingi, na mkutubi mmoja aliyesomea kazi yake. Wapo. Chuo cha Ukutubi na Uhifadhi wa Nyaraka cha Bagamoyo kinawafundisha, na si wote wanaotaka kubaki mijini.

Saa za kufungua zifuate maisha ya mlimani, si saa za ofisi. Wachuma chai huamkia shambani na hawarudi mpaka majani yamekwisha kufika mizani. Watoto wadogo wanapotoka shule mchana hukuta nyumba haina mtu mzima. Saa nane hadi magharibi ndiyo saa ya maktaba, pamoja na Jumamosi nzima. Maktaba inayofungwa saa tisa na nusu alasiri, wakati watoto ndio kwanza wamevua sare, haijafunguliwa kwa ajili yao.

Halafu kuna ukungu. Kiswahili kimeupa neno moja ule unaoshuka juu ya miti asubuhi na ule unaoota juu ya mkate, na mtunza vitabu wa Amani anaelewa kwa nini. Mvua za huku hukaribia milimita 2,000 kwa mwaka. Kitabu kilichobanwa ukutani huvimba, kurasa hushikana, jalada huota madoa ya kijani. Rafu ziwe mbali na ukuta, ziwe za mbao zenye nafasi nyuma, na vitabu vishikwe mara kwa mara, kwa kuwa kitabu kinachoazimwa kila wiki hakipati muda wa kuota ukungu. Paneli za umeme wa jua nazo zipimwe kwa siku za mawingu, zisije zikaletwa hesabu za Dodoma kwenye mlima wa mvua.

Kuhusu intaneti, wengi hudhani bila mtandao wenye kasi hakuna la kufanya. Sivyo. Kompyuta ndogo kama Raspberry Pi, inayotosha kiganjani na kutumia umeme kidogo sana, inaweza kubeba Wikipedia nzima ya Kiswahili kwa programu ya bure ya Kiwix, pamoja na mamia ya hadithi za watoto. Inarusha mawimbi yake ya Wi-Fi chumbani. Mtoto au kijana mwenye simu au kishikwambi anajiunga na kusoma bila bando, hata siku ambayo mnara wa simu umezimika kwa radi. Mtandao wa African Storybook, uliozinduliwa mwaka 2014, una hadithi nyingi za Kiswahili zinazoruhusiwa kupakuliwa, kuchapishwa na hata kutafsiriwa upya bila malipo. Taasisi ya Elimu Tanzania nayo imeweka vitabu vya kiada kwenye maktaba mtandao yake. Mkutubi anaweza kushuka Muheza mara moja kwa mwezi, akapakua mapya kwenye mtandao mzuri, akapanda nayo mlimani.

Vifaa pia havijakosekana kabisa. Vishikwambi vilivyotumika katika Sensa ya mwaka 2022 vilikabidhiwa sekta ya elimu, na walimu wa shule za umma nchini wakagawiwa. Mwalimu mwenye kishikwambi kabatini na mkutubi mwenye watoto ishirini mchana wanaweza kukubaliana mambo mengi bila kusubiri shehena mpya.

Lakini intaneti ya moja kwa moja inahitajika vilevile, na wanaoihitaji zaidi ni vijana waliomaliza kidato cha nne na cha sita. Milango yao yote ya kesho imehamia mtandaoni. Matokeo ya mitihani ya taifa ya NECTA yako huko. Anayetaka kubadili tahasusi au chuo alichopangiwa anabadilishia huko. Maombi ya Bodi ya Mikopo yanafanyika huko, na kabla yake cheti cha kuzaliwa kinahakikiwa na RITA, wakala wa usajili wa vizazi, huko huko. Kijana wa Kwamkoro asiye na njia nyingine hushuka mjini, huingia kwenye kibanda cha steshenari, humpa mtu asiyemjua vyeti vyake, namba zake na neno lake la siri, hulipa, kisha huomba Mungu kwamba fomu imejazwa sawasawa. Kosa moja la herufi kwenye jina linaweza kumgharimu mwaka mzima.

Maktaba yenye kompyuta mbili zilizounganishwa na mkutubi aliyezizoea fomu hizo ingewaokolea vijana wa kata nzima nauli, ada na wasiwasi. Ingewafunza pia kujaza wenyewe. Hii ndiyo huduma ya maktaba ambayo mzazi asiyejua kusoma ataiona thamani yake msimu wa kwanza tu.

Wazazi wengine wataogopa, na wana haki. Utafiti wa UNICEF, ECPAT na INTERPOL uliochapishwa mwaka 2022 ulikuta kwamba asilimia nne ya watoto wa miaka 12 hadi 17 wanaotumia intaneti Tanzania walikuwa wamefanyiwa ukatili au unyonyaji wa kingono unaohusisha mtandao ndani ya mwaka mmoja. Watafiti walikadiria hao kuwa watoto wapatao 200,000. Hiyo ni hesabu ya kumkosesha mtu usingizi. Lakini mtoto aliye na simu ya kuazima, amejificha nyuma ya nyumba, hana wa kumwuliza anapotumiwa ujumbe wa ajabu. Aliye maktabani ana skrini inayoonekana na watu, ana mtu mzima anayemjua kwa jina, na ukutani kuna bango la namba 116, ile ya bure ya kuwasaidia watoto. Anayetaka kumlinda mtoto na mtandao amwekee mahali pa wazi pa kuutumia.

Na hao watoto wasome nini? Vitabu vya kiada havitoshi, na vitabu vya misaada kutoka ng'ambo, vyenye theluji na treni za chini ya ardhi, mara nyingi hubaki rafuni safi kama vilivyokuja. Mlima huu una hadithi zake. Ua dogo la zambarau linalouzwa madirishani Ulaya na Marekani kwa jina la Saintpaulia lilitoka kwenye miamba ya Usambara. Ofisa wa Kijerumani aliyekuwa Tanga, Walter von Saint Paul-Illaire, alilipeleka kwao mwaka 1892, na jina lake likaganda kwenye ua. Kinyonga wa pembe tatu wa misitu hii amepewa jina la kisayansi kutokana na Derema, jirani na Amani. Ndege aina ya chozi anaitwa kwa jina la Amani katika vitabu vya wataalamu wa dunia nzima. Ni mambo ambayo mtoto wa hapa angeyasoma kwa kiburi kizuri.

Wilaya ya Muheza haina haja ya kujifunza uchapaji kutoka mbali. Wamisionari wa Kianglikana wa UMCA walikuwa na mtambo wa kupiga chapa hapo Magila tangu karne ya kumi na tisa, na huko ndiko Habari za Wakilindi za Abdallah bin Hemedi, simulizi ya Mbegha na watawala wa Usambara, zilikotoka kwa mara ya kwanza. Shule ya serikali ya Tanga ilitoa gazeti la Kiongozi zama za Wajerumani. Mwandishi Shaaban Robert alizaliwa mkoani humu, Vibambani, mwaka 1909. Kazi ya kwanza ya kikundi cha vijana wa maktaba ya Kwamkoro iwe kuwafuata mababu na mabibi, kurekodi hadithi zao kwa simu, za Kisambaa na za makabila mengine yaliyokuja na mashamba ya chai, kuziandika kwa Kiswahili sanifu na kuzichapa. Ndipo wadogo zao watakaposomewa hadithi yenye jina la mto wanakochota maji.

Fedha zitatoka wapi? Mfuko wa Mawasiliano kwa Wote, ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2006, unachangiwa na makampuni ya mawasiliano na umekuwa ukipeleka minara vijijini na kompyuta katika shule za umma. Marekani wana mpango unaofanana nao, uitwao E-Rate, uliotokana na sheria yao ya mawasiliano ya mwaka 1996. Tangu mwanzo sheria hiyo ilizitaja shule na maktaba pamoja, na gharama za intaneti hupunguzwa kwa asilimia 20 hadi 90, maskini wakipunguziwa zaidi. Mfuko wetu nao uitaje maktaba ya kijiji kwa jina. Bodi ya Huduma za Maktaba itoe vitabu na ivibadilishe kila robo mwaka. Halmashauri ya Muheza, inayokusanya ushuru wa mazao, ibebe jambo moja tu lakini ilibebe kwa maandishi: mshahara wa mkutubi. Jengo linaweza kupatikana kwa nguvu za wananchi na mbao za hapa hapa. Mshahara hauwezi kuchangishwa kila mwezi.

Mkutano mkuu wa kijiji kisheria hukutana kila baada ya miezi mitatu, na bajeti ya halmashauri huanzia kwenye mapendekezo yanayopitishwa huko kabla ya kupanda kwenye kata na wilaya. Wazazi wa Kwamkoro wasisubiri mgeni mwenye vishikwambi. Katika mkutano ujao mmoja wao anyanyuke, aombe neno liandikwe kwenye muhtasari: mkutubi mmoja wa watoto, mwenye mshahara, kuanzia Julai.